PEVU SI BIVU: SOMO LA KIVUMISHI KIMOJA

Katika kurasa hizi tumezoea kusoma methali, vitendawili na mashairi. Leo naomba ukurasa wangu niutumie kwa neno moja tu, tena neno fupi la silabi mbili: pevu. Ni kivumishi cha sifa. Kamusi inalo na walimu wanalijua, lakini ukitoka kituo cha matatu cha Thika ukaenda hadi sokoni Ruiru, unaweza kurudi nyumbani bila kumsikia hata mtu mmoja akilitamka. Hata sisi darasani, tukiambiwa tutaje vivumishi vya sifa, mbio hukimbilia -zuri, -baya, -refu na -fupi, basi tumemaliza.

Sikulichagua neno hili ili nionekane najua msamiati mgumu. Nimelichagua kwa sababu likikosekana kuna jambo ambalo hatuwezi kulisema sawasawa, na kutolisema huko kunaweza kumtoa mtu pesa mfukoni. Nitaonyesha jinsi gani.

1. MAANA YAKE

Tuchukue embe. Embe lina safari yake. Mwanzo ni changa: dogo, kokwa yake bado laini, ukiling'ata linakukausha ulimi. Linaendelea kukua hadi linajaa, mabega yake yanatuna pale penye kikonyo, na halitaongezeka tena. Hapo ndipo linaitwa embe pevu. Bado ni gumu na bado ni kijani, lakini kukua kumekwisha. Ukilichuma na kuliweka ndani siku chache, linalainika na kunukia: sasa ni embe bivu. Ukilisahau, utakuta embe bovu.

Kwa hiyo hatua ni nne: changa, pevu, bivu, bovu. Kitu kipevu ni kile kilichofika mwisho wa kukua kwake. Kitu kibivu ni kile kilicho tayari kuliwa. Pevu si bivu, ingawa bivu njema hutoka kwa pevu.

Msomaji makini ataniuliza, "Na -bichi je, umeiacha wapi?" Swali zuri. -bichi hufunika hatua mbili za kwanza kwa pamoja. Embe changa ni bichi, na embe pevu pia ni bichi, maana zote mbili hazijaiva. Tunasema "tutajua mbivu na mbichi", yaani tutajua ukweli wa mambo. Msemo huo ni mtamu, lakini umegawa dunia pande mbili tu. Pevu iko hapo katikati, imefichwa ndani ya mbichi, na anayetaka kukudanganya atakudanganyia hapo hapo.

2. ASILI NA UKOO WA NENO

Kiswahili kina tabia ya kuzaa vivumishi kutoka kwa vitenzi kwa kutumia -vu mwishoni. Angalia:

tulia – tulivu
legea – legevu
potea – potevu
vumilia – vumilivu
kakamaa – kakamavu
pea – pevu

Kumbe pevu ni mtoto wa kitenzi pea, chenye maana ya kufika kilele cha kukua. Mama mwenyewe siku hizi hasikiki sana. Nafikiri sababu moja, hasa huku kwetu, ni kwamba nafasi yake imejaa watu. Ukisema "pea" mtaani, mtu anafikiria kutoa, kama vile "nipee kalamu", ambayo kwa Kiswahili sanifu ni "nipe kalamu". Dukani nako "pea" ni jozi ya viatu. Maskini pea ya tatu, ile ya kukua, imebanwa hadi ikanyamaza.

Lakini mtoto aliyebaki naye amezaa. Kutokana na pevu tumepata pevuka (kuwa pevu), pevusha (kufanya kitu kiwe pevu), upevu (hali ya kuwa pevu) na upevukaji (tendo la kupevuka). Pevu pia ana jirani wa karibu sana aitwaye -komavu, kutokana na komaa. Sokoni utasikia "zimekomaa", na msemaji hajakosea hata kidogo. Hayo mawili huweza kushika nafasi moja. Kosa ni kutotumia hata mojawapo na kuita kila kitu "mbichi".

3. UPATANISHO WA KISARUFI

Kwa wenzangu wanaojiandaa kwa karatasi ya pili ya Kiswahili, hivi ndivyo pevu inavyovaa viambishi:

A-WA: mtu mpevu, watu wapevu
U-I: muhogo mpevu, mihogo mipevu
LI-YA: nanasi pevu, mananasi mapevu
KI-VI: kiazi kipevu, viazi vipevu
I-ZI: ndizi pevu, ndizi pevu

Tazameni ngeli ya I-ZI kwa makini. Tunasema ndizi mbichi, ndizi mbivu, ndizi mbovu, kwa kuwa b hutanguliwa na m. Lakini p haichukui m hapo, kama vile tusivyosema "barabara mpana" bali "barabara pana". Kwa hiyo ni ndizi pevu. "Ndizi mpevu" ni kosa.

Matumizi hayaishii kwenye matunda. Mwezi ukiandama ni mwezi mchanga; ukijaa ni mwezi mpevu. Mtu mwenye mawazo yaliyopimwa vizuri ana fikra pevu. Swali linalomfanya mwalimu aweke chaki chini na kufikiri kwanza ni swali pevu. Mote humo maana ni ile ile: kitu kimejaa, hakijapungukiwa.

4. NENO LIKIKOSEKANA SOKONI

Shangazi yangu anauza matunda karibu na kituo cha magari, Ruiru. Mwaka jana alinunua magunia mawili ya maparachichi, yaani avokado, kutoka kwa dalali aliyekuja na gari alfajiri. Mazungumzo yao niliyasikia kwa masikio yangu, kwa kuwa nilikuwa nikimsaidia kabla ya kwenda shule.

"Haya yako aje?" shangazi akauliza.

"Mama, haya ni mabichi, lakini yataiva. Weka ndani siku nne, tano hivi."

"Una hakika?"

"Mama, wewe ni wa leo? Mabichi si huiva?"

Shangazi akalipa. Siku tano zikapita, kisha kumi. Maparachichi hayakulainika. Yalianza kunyauka, ganda likajikunja kama uso wa mzee, na ndani yakawa kama mpira. Hakuna aliyeyataka. Mtaji wa wiki mbili ukaenda kwa mbuzi wa jirani. Yule dalali aliporudi, shangazi akamkabili. Jibu lake lilikuwa fupi: "Si nilikuambia ni mabichi?"

Sasa ndugu msomaji, hebu mpime mtu huyo. Je, alisema uongo? Aliposema ni mabichi, alisema kweli. Uongo wake ulijificha ndani ya neno lenye vyumba viwili. Shangazi alisikia "mabichi" akafungua chumba cha mapevu. Dalali alikuwa amesimama katika chumba cha machanga. Lau angeulizwa, "Ni mapevu au ni machanga?" angelazimika kuchagua chumba kimoja, na akichagua kwa uongo tungemshika.

Siku hizi shangazi haulizi tena "yako aje?" Anauliza "yamepevuka?" na kabla ya jibu anapasua moja kwa kisu. Parachichi changa lina kokwa yenye utando mnene mweupe. Parachichi pevu lina kokwa iliyovaa utando mwembamba wa kahawia uliokauka. Kisu hakijui kubembeleza.

Wala si shangazi peke yake. Parachichi lina ajabu yake: haliwi laini likiwa mtini. Hupevuka juu ya mti, lakini huiva baada ya kuchumwa. Kwa hiyo anayenunua parachichi shambani hanunui ubivu hata siku moja, ananunua upevu. Mwishoni mwa mwaka 2021 Mamlaka ya Kilimo na Chakula ilifunga kwa muda uvunaji wa maparachichi ya aina ya Hass na Fuerte ya kuuzwa ng'ambo kwa meli, ili matunda yasiyopevuka yasipelekwe huko na kuharibu jina la nchi. Taifa zima lilikuwa likipigania kivumishi kimoja.

5. KILA TUNDA NA DESTURI YAKE

Msije mkafikiri kwamba kila kilicho pevu kitaiva ukikiweka ndani. Hapa kwetu tuna mifano yote miwili.

Ndizi iko upande wa parachichi. Ndizi changa ina kingo kali, ukiishika unazihisi kwa vidole. Ndizi pevu imejaa hadi kingo zimeviringika. Mkungu mpevu hukatwa ukiwa kijani, kisha huvumbikwa. Kuvumbika ni kufunika matunda mahali pa joto ili yaive upesi, na bibi zetu walifanya hivyo kabla hatujasikia habari za kemia. Sayansi inaeleza kwamba tunda linaloiva hutoa gesi iitwayo ethilini, na gesi hiyo ikifungiwa huwahimiza wenzake. Ndiyo maana ndizi moja mbivu ukiiweka kati ya pevu, zote huiva haraka. Lakini uvumbike vipi ndizi changa, itageuka rangi tu na kubaki bila utamu. Kinachovumbikwa kikafaa ni kipevu peke yake. Walimu wetu wanalijua hili, maana kila mwaka wanatuona wanafunzi tukijivumbika wiki moja kabla ya mtihani!

Nanasi ni habari nyingine. Ukipita Thika kuelekea Murang'a utaona mashamba ya mananasi ya kampuni ya Del Monte yametanda hadi macho yachoke. Nanasi halina akiba ya wanga ya kugeuza kuwa sukari baada ya kukatwa. Likishatoka kwenye shina lake, linaweza kubadilika rangi na kulainika, lakini halitaongeza utamu. Kwa hiyo nanasi pevu ambalo halijaanza kuiva halikufai ukitaka kulila nyumbani. Angalia macho yake: yakiwa yamechongoka bado ni changa, yakitandazika na manjano ikianza kupanda kutoka chini, hapo umefika. Anayekuambia nanasi "litakuwa tamu ukiliweka" anakuuzia maneno.

Kahawa nayo iko upande wa nanasi. Ruiru ina jina kubwa katika kahawa, kwa maana kituo cha utafiti wa kahawa kiko hapo, na aina ya mbegu iliyotolewa mwaka 1985 ikapewa jina la mji wenyewe: Ruiru 11. Aina hiyo ilizalishwa ili istahimili ugonjwa unaoozesha matunda ya kahawa yakiwa bado mabichi, na ule wa kutu ya majani. Mashamba mengi ya kahawa ya Ruiru yamegeuka kuwa nyumba na barabara, lakini jina limebaki likitembea duniani.

Tunda la kahawa hufikia ukubwa wake wote likiwa kijani. Hapo ni pevu. Kisha hugeuka jekundu, na hapo ni bivu. Mchumaji huchuma jekundu tu, kwa sababu kahawa iliyochumwa kijani haiivi kwenye gunia. Matunda ya tawi moja hayaivi siku moja, kwa hiyo mchumaji hurudi kwenye mti ule ule mara nyingi. Kiwandani, kabla ya kumenya, wakulima huchambua na kuondoa mabichi na yaliyopita kiasi. Hayo hukaushwa na maganda yake na kuuzwa kama mbuni, kwa bei ya chini. Ndipo unaona: tofauti ya pevu na bivu, kwa mkulima wa kahawa, ni tofauti ya bei.

6. MTU MPEVU

Tukifika kwa binadamu, neno linahitaji uangalifu zaidi.

Kwanza, mpevu si sawa na mwerevu. Mwerevu huelewa upesi. Mtoto wa miaka 6 anaweza kuwa mwerevu wa kukushangaza, lakini huwezi kumwita mpevu. Mtu mpevu hupima neno kabla ya kulitoa, hakasiriki akisahihishwa, na anajua kungoja.

Pili, mpevu si sawa na mtu mzima. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inamhesabu mtu kuwa mtu mzima akifika miaka 18. Hiyo ni hesabu ya tarehe, na ni hesabu muhimu. Lakini upevu hauandikwi kwenye kitambulisho. Sote tunawajua watu wazima ambao bado wanagombana kama watoto wa chekechea.

Tatu, na hili ndilo linaloniuma. Sisi wanafunzi wa kutwa hupita vituoni asubuhi na jioni. Msichana akipita na sare yake ya shule, utasikia mtu ameketi pale akimwambia mwenzake, "Huyu sasa ameiva." Najua kwamba neno hili lina matumizi mema. Fundi aliyeiva katika kazi yake ni sifa. Lakini pale kituoni hakuna anayezungumzia ufundi. Anayesema hivyo ametazama kimo na umbo, akatoa hukumu.

Kwa lugha ya sayansi, ni kweli mwili hupevuka: yai la msichana hupevuka, sauti ya mvulana hubadilika. Lakini mwili kupevuka ni jambo moja, na mtu kupevuka ni jambo jingine. Sheria ya Ndoa ya mwaka 2014 imeweka umri wa kuoa au kuolewa kuwa miaka 18, na haikuuliza kimo cha mtu. Mimi nina miaka 16. Najijua kuwa sijawa mpevu katika mambo mengi, na sioni aibu kulisema, kwa kuwa niko kwenye safari yangu. Tena tunda huitwa bivu na yule anayetaka kulila. Kwa hiyo, kaka zetu na wajomba wa kituoni, nawaomba kwa heshima: neno hilo mliache kwa maembe.

Wahenga walisema mvumilivu hula mbivu. Wengi hudhani methali hiyo inahusu kungoja tu. Baada ya kulichunguza neno pevu nimeiona kwa jicho jingine. Kungoja peke yake hakutoshi. Lazima ujue unangoja nini. Aliyengoja parachichi changa alingoja siku kumi akala hasara. Aliyengoja pevu alingoja siku nne akala tunda.

7. ZOEZI

Jaza pengo kwa kutumia changa, pevu, bivu au bovu katika upatanisho ufaao.

(a) Usiku ule hatukuhitaji taa njiani, kwa kuwa mwezi ulikuwa ____.
(b) Ndizi hizi ni ____. Kingo zake zimeviringika, zivumbike leo.
(c) Mchumaji aliacha matunda ya kahawa ya kijani akachuma yale ____ peke yake.
(d) Viazi hivi vilichimbwa mapema mno, bado ni ____.
(e) Mwenyekiti alisikiliza pande zote mbili kabla ya kuamua. Huyo ndiye kiongozi ____.
(f) Nanasi lililosahauliwa nyuma ya mlango limekuwa ____.

Majibu: (a) mpevu (b) pevu (c) mabivu (d) vichanga (e) mpevu (f) bovu.

Atakayepata yote sita ajaribu swali la saba, ambalo halina jibu hapa: aende sokoni Jumamosi hii, aulize "Yamepevuka?" badala ya "Yako aje?", kisha aje atueleze chamani muuzaji alijibu nini.

Kiswahili kitukuzwe!

Mwanachama, Kidato cha Tatu